Maneno Yalisikika, Faili Hazikufunguliwa: Kuchunguza Chuki na Itikadi Kali Lamu na Malindi

Usiku wa Juni 15, 2014, watu wengi wa Mpeketoni, mji wa kaunti ya Lamu, walikuwa wakitazama mechi za Kombe la Dunia pale watu wenye silaha walipoingia mjini. Usiku ule na uliofuata waliuawa watu wapatao 60, wengi wao wanaume wenye asili ya bara. Maiti hazijazikwa, tayari kulikuwa na maelezo mawili. Al-Shabaab walijitangaza kuwa wao ndio waliofanya, wakadai mji ule ulikuwa wa Waislamu kabla ya kuchukuliwa na walowezi. Juni 17 Rais Uhuru Kenyatta akahutubia taifa, akasema shambulio lilipangwa na mitandao ya kisiasa ya hapo hapo, na kwamba Al-Shabaab hawakuhusika.

Vyumba vingi vya habari vilichagua mojawapo ya maelezo hayo mawili. Wachache ndio waliojiuliza kwa nini maelezo yote mawili yaliegemea jambo lile lile, yaani ardhi. Mpeketoni ilianza kama mradi wa serikali wa kugawia watu mashamba mwanzoni mwa miaka ya 1970, na tangu hapo suala la nani alipata shamba na nani aliachwa skwota kwenye kwao halijatulia. Julai 31, 2014, wiki sita tu baada ya mauaji, serikali ilitangaza kufuta ugawaji wa takriban ekari 500,000 za Lamu zilizopewa kampuni 22 kati ya mwaka 2011 na 2012. Tazama tarehe hizo. Ugawaji ulikuwa na barua, ramani na majina ya wakurugenzi miaka miwili kabla ya damu kumwagika. Chuki ilisikika mitaani na kwenye mikutano ya siasa, lakini kilichoilisha kilikuwa kimelala ndani ya faili.

Hili ndilo jambo ambalo mwandishi wa pwani hii anapaswa kulishika kabla ya lolote lingine. Maneno ya chuki ndiyo yanayokuonyesha pa kuanzia. Ushahidi uko kwenye ardhi, kwenye pesa, kwenye rejista ya mahakama na kwenye ripoti ya daktari wa maiti. Mwandishi anayeishia kwenye maneno hufanya kazi ya kuyasambaza bila kujua.

Malindi imetoa funzo hilo hilo kwa njia ya kutisha zaidi. Paul Mackenzie alihubiri kwa miaka dhidi ya shule na hospitali, kanisani kwake na kwenye televisheni aliyoiendesha mwenyewe. Polisi walimkamata tangu 2017. Mwezi Machi 2023 alikamatwa tena kuhusu vifo vya watoto wawili, akaachiliwa kwa dhamana. Aprili 2023 makaburi yalianza kufukuliwa katika msitu wa Shakahola, na hatimaye miili zaidi ya 400 ikatolewa ardhini. Yeye alikana mashtaka ya mauaji.

Habari za mwanzo karibu zote zilisema waumini "walijinyima chakula ili wamuone Yesu". Kichwa cha habari cha namna hiyo kinafanya jambo lote lionekane ni la imani, na imani ina ulinzi wa Katiba, Ibara ya 32. Uchunguzi wa maiti chini ya mpasuaji maiti mkuu wa serikali, Dkt. Johansen Oduor, ndio uliobadili habari. Wengi walikufa kwa njaa, lakini baadhi, wakiwemo watoto, walikuwa na dalili za kunyongwa, kuzibwa pumzi na kupigwa. Mtoto wa miaka minne hachagui kufunga. Tangu ripoti zile zitoke, swali halikuwa tena mtu anaruhusiwa kuhubiri nini. Likawa nani alimziba nani pumzi, na kwa amri ya nani.

Na kuna jambo jingine hapo ambalo watu hulipita haraka. Desemba 2023 mahakama ya Malindi ilimhukumu Mackenzie kifungo cha miezi 12 kwa kuendesha studio na kusambaza filamu bila leseni. Wakati hukumu hiyo inatoka, zaidi ya maiti 400 zilikuwa zimeshafukuliwa. Leseni ya filamu haikuwahi kuwa tatizo la Shakahola. Dola inapochelewa kuchunguza vitendo, hurudi kushika maneno na vibali, kwa kuwa ndivyo vilivyo karibu na mkono.

Mpaka wa sheria uko wapi

Ibara ya 33 ya Katiba ya 2010 inalinda uhuru wa kujieleza, kisha inataja mambo ambayo uhuru huo hauyafikii: propaganda ya vita, uchochezi wa ghasia, matamshi ya chuki, na kuchochea chuki dhidi ya watu kwa misingi ya ubaguzi iliyokatazwa na Ibara ya 27, dini ikiwa mojawapo. Chini ya hapo kuna Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya 2008. Kifungu chake cha 13 kinaadhibu matamshi ya vitisho, matusi au dharau yanayokusudia kuchochea chuki ya kikabila, au ambayo kwa mazingira yote yanaelekea kuichochea. Adhabu ni faini isiyozidi shilingi milioni 1, au kifungo kisichozidi miaka 3, au vyote viwili.

Kisome kifungu hicho taratibu. Chuki ya kikabila imeelezwa humo kwa rangi, asili, uraia na kabila. Dini haimo. Kwa hiyo mhubiri wa Malindi anayewatukana Waislamu au Wakristo, bila kugusa kabila, huenda asiangukie kifungu cha 13 hata kidogo, ijapokuwa anaweza kuguswa na Katiba au na sheria nyingine. Mwandishi anayeandika "polisi wamshtaki kwa matamshi ya chuki" bila kutaja kifungu anamdanganya msomaji kuhusu uzito wa kesi. Itazame hati ya mashtaka yenyewe na uandike nambari ya kifungu.

Kifungu cha 62 cha sheria hiyo hiyo kinakuhusu wewe mwenyewe. Gazeti, redio au chombo chochote cha habari kinachochapisha matamshi ya kudharau kabila au rangi nacho kinatenda kosa, faini yake hadi shilingi milioni 1. Redio za pwani zenye vipindi vya kupiga simu ndizo zilizo hatarini zaidi. Fundi mitambo lazima awe na kifaa cha kuchelewesha sauti kwa sekunde kadhaa, na mtangazaji awe na ruhusa ya kumkata mpigaji bila kumsubiri mhariri. Wakenya hawajasahau kwamba mtangazaji Joshua arap Sang alifikishwa mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kuhusu ghasia za baada ya uchaguzi wa 2007, hadi kesi ilipositishwa Aprili 2016.

Upande wa pili wa mizani, mahakama zetu zimefuta sheria kadhaa zilizobana midomo. Baada ya Sheria ya Usalama ya Desemba 2014, Mahakama Kuu mwezi Februari 2015 ilitupa vifungu kadhaa, kikiwemo kile kilichomtia hatiani mtu anayetangaza, bila idhini ya polisi, habari zinazodhoofisha uchunguzi wa ugaidi. Aprili 2016 kikafutwa kifungu cha 29 cha sheria ya mawasiliano, kilichokuwa kikitumiwa kukamata wanablogu kwa "matumizi mabaya ya chombo cha mawasiliano". Februari 2017 kashfa ikaacha kuwa jinai. Afisa akikutishia kwa mojawapo ya hivi, mwombe kwa adabu akutajie kifungu.

Kupima tamko

Mwaka 2012 wataalamu waliokutanishwa na Umoja wa Mataifa huko Rabat, Morocco, walikubaliana juu ya vigezo sita vya kupima kama tamko limefikia kiwango cha uchochezi wa jinai: mazingira, msemaji, nia, maudhui na namna yalivyosemwa, upana wa kuenea, na uwezekano wa madhara. Majaji hutumia mizani hii au inayofanana nayo, na mwandishi anaweza kuitumia kabla hajaita kitu uchochezi.

Chukua tamko ambalo Lamu limesikika kwa miaka: "Wabara warudi kwao." Mzee analisema barazani baada ya alasiri, kwa uchungu wa shamba alilolima baba yake na ambalo sasa lina hatimiliki ya mtu mwingine. Wanaomsikia ni watu watano. Hana cheo, hana gari, hana vijana wa kuwatuma. Ni tamko baya, na jirani yake kutoka bara ana haki ya kuumia. Hata hivyo ukilipima kwa vigezo sita linaanguka karibu kwenye vyote, na kumpeleka mzee mahakamani kutafanya shamba lisizungumzwe tena hadharani, lakini chuki itabaki.

Sasa tamko lile lile alitoe mgombea wa kiti, kwenye mkutano wa hadhara Hindi au Hongwe, wiki tatu kabla ya kura. Juma lililopita vijikaratasi vimebandikwa milangoni vikitaja siku ya mwisho ya kuhama. Anaongeza, "mnajua la kufanya," umati unashangilia, na video inafika Faza na Witu kabla ya magharibi. Mazingira ni ya moto, msemaji ana nguvu, nia inasomeka, imeenea, na madhara yako karibu. Maneno matatu hayakubadilika hata herufi, lakini uzito wake wa kisheria ni mwingine kabisa.

Ndiyo maana taarifa isiyotaja nani alisema, wapi, mbele ya watu wangapi na nini kilitokea siku zilizofuata haina thamani. Waandishi wengi hunukuu tusi lenyewe kikamilifu na kuacha mambo hayo manne. Fanya kinyume chake. Tusi lifupishe kwa maneno yako isipokuwa pale ambapo neno kamili ndilo ushahidi, kisha jaza mazingira.

Sauti ya WhatsApp inapofika

Mara nyingi kazi huanza na sauti au picha iliyosambazwa mara nyingi. Hatua ya kwanza ni kuihifadhi, kwa sababu itafutwa. Piga picha ya skrini inayoonyesha jina la kundi, tarehe na saa. Kwa ukurasa wa intaneti nakili anwani yake kamili na uihifadhi kwenye kumbukumbu ya mtandaoni. Andika kwenye daftari nani alikutumia na saa ngapi. Faili lenyewe usilikate wala usilibadilishe jina. Fanyia kazi nakala. Ikiwa jambo litafika mahakamani, kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi kinadai cheti kinachoeleza kifaa kilichotumika na namna nakala ilivyotolewa, na cheti hicho hakiandikiki vizuri miezi sita baadaye kwa kukumbuka tu.

WhatsApp hubana picha na kuondoa taarifa za ndani, yaani tarehe ya kupigwa, aina ya simu na mahali. Kwa hiyo mrudie mtu wa kwanza kuipiga, kama anapatikana, akutumie faili la asili kama hati, siyo kama picha. Kisha itafute picha hiyo kwa njia ya utafutaji wa picha kwenye intaneti. Picha za maiti zinazodaiwa kuwa za Lamu mara nyingi ni za nchi nyingine na za miaka mingine. Tazama pia kilicho nyuma ya watu: nguzo za umeme, rangi ya udongo, namba za magari, aina ya makuti ya paa, urefu wa kivuli ukilinganisha na saa inayodaiwa.

Kwa sauti, lafudhi husaidia. Mtu anayejidai ni mzaliwa wa Amu, yaani mji wa Lamu, lakini hatamki "mato" (macho), "mai" (maji) wala "ndia" (njia) hata anapopandisha hasira anastahili kutiliwa shaka. Mpelekee sauti ile mzee wa Amu na mwingine wa Faza, kila mmoja peke yake, bila kumwambia unachodhani. Lakini lafudhi ni kiashiria tu. Vijana wengi wa Lamu wamesoma Mombasa na wanazungumza kama watu wa Mombasa, na mtu anaweza kuigiza. Usiandike kabila la msemaji kwa kumsikia sikioni.

Kosa kubwa ni kucheza sauti ile redioni ili "kukanusha". Msikilizaji aliyechelewa dakika mbili atasikia kitisho na hatasikia ukanushaji. Anza na ukweli, taja kwamba kuna sauti ya uongo inazunguka, eleza ulivyothibitisha kuwa ni ya uongo, na usiicheze.

Karatasi

Ardhi kwanza. Ukiwa na nambari ya kiwanja, ofisi ya ardhi itakupa matokeo ya upekuzi rasmi: mmiliki wa sasa, ukubwa, na vizuizi kama rehani au zuio. Tatizo ni kwamba upekuzi wa kawaida haukuonyeshi historia. Omba nakala ya rejista yenyewe, ile watu wanayoiita kadi ya kijani, ndipo utaona shamba limepita mikononi mwa nani na mwaka gani. Mmiliki akiwa kampuni, omba hati ya CR12 kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali. Hati hiyo hutaja wakurugenzi na wenye hisa. Mara nyingi hapo ndipo jina la mwanasiasa anayepiga kelele jukwaani hukutana na jina la mnunuzi wa shamba. Sehemu kubwa ya Lamu, hata hivyo, haijasajiliwa, na upekuzi utarudi mtupu. Utupu huo usiuandike kuwa "haina mwenyewe". Geukia Gazeti Rasmi la Serikali, barua za ugawaji, kumbukumbu za bunge la kaunti na wazee wanaojua mipaka.

Mahakama pili. Hukumu nyingi ziko bure kwenye tovuti ya Kenya Law. Faili zenyewe huombwa kwa karani wa masjala kwa nambari ya kesi. Hati za kiapo ndizo zenye nyama kuliko hukumu, kwa sababu huambatanishwa na mikataba, ramani na barua. Na ukumbuke kwamba mashtaka ni madai. Gavana wa Lamu Issa Timamy alikamatwa na kushtakiwa Juni 2014 kuhusiana na mauaji ya Mpeketoni. Mashtaka yakaondolewa baadaye, na mwaka 2022 wananchi wakamrudisha ofisini. Chombo kilichotangaza kukamatwa kwake kwa herufi kubwa kilikuwa na deni la kutangaza kuondolewa kwa mashtaka kwa herufi hizo hizo.

Ofisi ikikunyima taarifa, Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 inakuruhusu kuomba kwa maandishi, kwa Kiswahili ukipenda. Jibu linatakiwa ndani ya siku 21, na saa 48 iwapo jambo linahusu uhai au uhuru wa mtu. Ukinyimwa una siku 30 za kulipeleka kwa Tume ya Haki ya Utawala. Maombi mengi hufa kwa kuwa mapana mno. "Nipeni taarifa zote za Shakahola" itakaa mezani. "Nakala ya kitabu cha matukio cha kituo fulani, kurasa za tarehe 15 hadi 25 Machi 2023" inamlazimu afisa ajibu ndiyo au la, na "la" iliyoandikwa ni habari.

Watu wanaokuamini

Vijiji vya Waaweer, jamii ndogo ya wenyeji wa Lamu, pembezoni mwa msitu wa Boni, kama Basuba, Mangai na Kiangwe, vina nyumba chache. Kuficha jina hakumlindi mtu ukiandika "mama mjane wa Kiangwe mwenye duka". Kila mtu atamjua kufikia jioni, na wenyeji wa huko wanabanwa na pande mbili: wanamgambo msituni na maafisa wanaotaka kujua kwa nini hawakupiga ripoti. Ondoa kijiji, ondoa kazi, ondoa idadi ya watoto, badilisha sauti, na usimhoji mtu siku ile ile msafara wa gari lako umeonekana umesimama kwake. Ukiwa na sababu ya kumtaja mahali, muulize tena siku mbili baadaye, hofu na hasira zikiwa zimeshuka.

Nyenzo za propaganda za wanamgambo zina hatari yake. Sheria ya Kuzuia Ugaidi ya 2012 inaadhibu kumiliki kitu kinachohusiana na kosa la ugaidi, na barabara ya Garsen kwenda Lamu ina vizuizi vya ukaguzi. Video hizo zisikae kwenye simu yako ya mfukoni. Zihifadhiwe ofisini, na mhariri aweke maandishi yenye tarehe yanayoeleza zilipokewa lini na kwa habari gani. Mhariri na wakili wajue kabla hujakutana na mtu aliyewahi kuwa msituni. Usimlipe. Aliyelipwa huongeza chumvi, na malipo yenyewe yanaweza kusomwa kama ufadhili wa ugaidi.

Neno "gaidi" lenyewe limetumika kama rungu hapa pwani. Mwaka 2015 serikali iliyaweka mashirika ya haki MUHURI na Haki Africa kwenye orodha ya washukiwa wa kusaidia ugaidi na kufunga akaunti zao za benki. Mahakama Kuu ya Mombasa ikawapa haki mwaka huo huo. Mwaka 2018 Human Rights Watch ilieleza jinsi wanaharakati wa Lamu waliopinga miradi ya LAPSSET (bandari ya Lamu na njia za usafiri kwenda Sudan Kusini na Ethiopia) na kiwanda cha umeme wa makaa ya mawe walivyotishwa na kuhusishwa na Al-Shabaab. Juni 2019 Jopo la Kitaifa la Mazingira (National Environment Tribunal) likafuta leseni ya kiwanda kile, kwa sababu wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Wale walioitwa magaidi walikuwa wakidai kile kile ambacho jopo lilikuja kukubali. Mwandishi anayenakili neno hilo kutoka taarifa ya polisi bila alama za nukuu na bila kuuliza ushahidi ametoa hukumu kabla ya jaji.

Kabla ya kuchapa, mpe kila unayemtuhumu orodha ya tuhuma kwa maandishi na muda wa kweli wa kujibu. Saa mbili za Ijumaa jioni hazitoshi. Siku tano za kazi zinatosha. Swali liwe mahsusi: tarehe, kiasi, nambari ya kiwanja. Jibu lake liweke juu katika habari, jirani na tuhuma yenyewe, hata kama ni kukana kwa sentensi moja. Faili lote, pamoja na daftari, barua ulizotuma na majibu, litunzwe miaka kadhaa. Kesi za pwani huchukua muda, na wakili wa upande wa pili hutumia muda huo akitumaini umeshatupa karatasi zako.